Kalenda ya Mwaka 2003

Siku mbili baada ya vijana kuingia Bungeni, Juni 2024, nilituma video kwenye grupu ya WhatsApp ya familia yetu. Haikuwa video ya maandamano, maana hizo kila mtu alikuwa ameziona mpaka akachoka. Ilikuwa video fupi ya Mwai Kibaki, ile anayowafokea watu jukwaani kwamba ni bure kabisa. Mtu fulani alikuwa ameiwekea muziki na maandishi: turudishieni huyu mzee. Si unazijua hizo. Mwezi ule zilikuwa kila mahali, na wengi waliozisambaza walikuwa shule ya msingi, au hata hawajazaliwa, wakati Kibaki anaapishwa.

Binamu zangu walicheka. Ami yangu mmoja akaandika kwamba wakati wa huyo mzee pesa ilikuwa na uzito. Halafu Tata, dada mkubwa wa baba yangu, akaandika mstari mmoja: "Mimi huyo namkumbuka jioni moja tu."

Hakuongeza neno. Na grupu yetu, ambayo hata picha ya maua ya kutakiana asubuhi njema hupata amina kumi, ilinyamaza mpaka kesho yake.

Jioni aliyoisema niliijua. Kila Mkenya wa umri wangu anaijua. Lakini nilikuwa sijawahi kumuuliza yeye ilimkuta wapi na akifanya nini. Basi Agosti nikaenda nyumbani.

Nakaa Roysambu, kwa hiyo safari yangu huanzia kwenye barabara ya Kibaki. Ile barabara kuu ya Thika aliizindua Novemba 2012, miezi michache kabla ya kuondoka madarakani. Unapita Sagana, unapita Karatina, na ukishaiacha Chaka nyuma unaona nchi imebadilika. Vilima vya chai na kahawa vimekwisha, ardhi imetandazika, na upepo ni mkavu. Hii ni Kieni. Watu wa mbali hudhani kukaa chini ya Mlima Kenya ni kukaa kwenye maji. Kumbe mlima wenyewe ndio unaotunyima mvua: mawingu yanamwaga upande wa pili, Meru na Embu, na sisi wa Naro Moru tunabakia na baridi, vitunguu vya kumwagilia, na kilele cha Batian ambacho watalii hulipa pesa nyingi kukisogelea.

Kabla ya uhuru, sehemu kubwa ya eneo hili ilikuwa ranchi za walowezi wa Kizungu. Baada ya 1963 watu wa sehemu za Nyeri zilizojaa watu, Mathira, Tetu, Othaya, Mukurwe-ini, walianza kuchangishana na kununua ardhi kupitia kampuni na vyama vya ushirika. Guka alikuwa mmoja wao. Alitoka Mathira na hisa zake kwenye karatasi iliyokunjwa, akapewa ekari tano za nyasi na upepo, akajenga nyumba ya mbao. Nyumba hiyo bado ipo. Cucu amekataa kuhamia ile ya mawe aliyojengewa na wanawe, ati haina joto.

Sebuleni mwa nyumba hiyo ya mbao kuna vitu vitatu ukutani: picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu, picha ya Guka akiwa na kofia, na kalenda ya mwaka 2003 yenye picha ya Kibaki. Imekaa hapo tangu nikiwa darasa la kwanza. Tarehe zake hazina kazi tena, lakini hakuna mtu aliyewahi kupendekeza itolewe.

Guka na Kibaki hawakuwahi kukutana. Hata hivyo Guka alimzungumzia kama mtu anavyomzungumzia kijana waliyekua naye kisha akahamia mjini. Kibaki alizaliwa Novemba 1931, Gatuyaini, Othaya, na Cucu pia ni mzaliwa wa Othaya. Guka hakuwa na tarehe ya kuzaliwa, ila alijihesabu kuwa wa rika lile lile. Na kila nikipiga hesabu ya maisha yao wawili nashangaa jinsi watu wa rika moja, waliotoka sehemu moja, walivyoweza kuishi nchi mbili tofauti.

Oktoba 1952 serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari. Kibaki alikuwa Makerere, Kampala. Alimaliza 1955 na shahada ya daraja la kwanza katika uchumi, kisha akaenda London kusoma zaidi. Miaka hiyo hiyo Guka alikuwa ndani ya mtaro. Waingereza waliamua kuutenga msitu wa Mlima Kenya na watu, ili wapiganaji wa Mau Mau wasipate chakula wala habari. Wakawalazimisha wanakijiji kuchimba handaki lenye urefu wa takriban maili 50 kwenye ukingo wa msitu, na ndani yake vikasimikwa vijiti vilivyochongwa. Wake kwa waume walichimba bila malipo huku askari wakiwasimamia na bunduki. Jioni walirudi kwenye vijiji vya lazima. Zaidi ya Wakikuyu, Waembu na Wameru milioni 1 walihamishwa kwa nguvu wakaingizwa kwenye vijiji kama hivyo, zaidi ya 800, vilivyozungushiwa ua na mitaro, na amri ya kutotoka nje.

Ungetarajia Guka awe na kinyongo na msomi aliyekuwa Kampala na London wakati yeye anachimba. Hakuwa nacho. Alikuwa akisema mtu mmoja hawezi kushika jembe na kalamu siku moja, na kwamba waliochimba walichimba ili aliyesoma arudi. Sentensi hiyo niliisikia mara nyingi utotoni, nikaiona ya kawaida tu. Nikiifikiria sasa naona ilikuwa deni. Guka alikuwa akimdai Kibaki bila Kibaki kujua.

Msomi alirudi kweli. Mwaka 1960 aliacha kufundisha Makerere akaja kuwa ofisa mtendaji wa KANU. Mwaka 1963 alichaguliwa mbunge wa Donholm, Nairobi, na mwaka 1969 akawa Waziri wa Fedha. Mwaka huo huo nusura Jael Mbogo amwangushe katika kiti chake cha Nairobi, na uchaguzi uliofuata, 1974, akahamia kwao Othaya. Moi alipoingia 1978 alimfanya Makamu wa Rais, akamshusha mwaka 1988 kuwa Waziri wa Afya, naye akakubali. Alipokuwa bado ndani ya KANU aliwahi kusema kwamba kujaribu kuiondoa KANU ni kama kujaribu kuangusha mti wa mugumo kwa wembe. Halafu Krismasi ya 1991, baada ya wengine kuteswa na kufungwa wakidai vyama vingi, akajiuzulu na kuanzisha chama chake, Democratic Party. Watu wa kwetu wenyewe walimpa jina: General Kiguoya, yaani jenerali mwoga.

Guka hakulipenda jina hilo. Cucu, mzaliwa wa Othaya, alilicheka sana.

Mwaka 1992 Kibaki alikuwa wa tatu. Mwaka 1997 akawa wa pili. Oktoba 2002, Uhuru Park, Raila Odinga alitamka maneno mawili, "Kibaki Tosha", na upinzani uliogawanyika kwa miaka kumi ukawa kitu kimoja. Desemba 3 Kibaki alipata ajali ya gari. Desemba 27 alishinda kwa asilimia 62 hivi. Desemba 30 aliapishwa Uhuru Park akiwa kwenye kiti cha magurudumu, umati ukiwa umepanda hata juu ya miti, na Moi akikabidhi madaraka huku watu wakimzomea. Guka aliifuatilia sherehe yote redioni, amesimama. Wiki iliyofuata alienda mjini Nyeri kununua dawa ya mifugo, akarudi na kalenda.

Mimi ni mtoto wa kalenda hiyo. Januari 2003 serikali mpya ilifuta karo katika shule za msingi za umma, na zaidi ya watoto milioni 1 ambao hawakuwa shuleni wakajitokeza. Nilikuwa mmoja wao. Guka alinipeleka mwenyewe. Tulikuwa zaidi ya themanini katika darasa moja, watatu watatu kwa dawati na wengine sakafuni, na kulikuwa na mvulana aliyekuwa ameshaanza kuota ndevu. Mwalimu wetu alipoteza sauti wiki ya pili. Lakini tulisoma. Dada za baba yangu wawili waliacha shule darasa la tano na la sita kwa sababu ya karo, na huyu Tata wa WhatsApp ni mmoja wao. Kwa hiyo mtu akiniambia elimu ya bure ilikuwa siasa tu, namsikiliza kwa adabu, kisha namkumbusha kwamba sentensi hii naiandika kwa sababu ya siasa hiyo.

Mwaka huo huo wa 2003 kukatokea jambo ambalo vijana wengi hawalijui. Mau Mau ilipigwa marufuku na Waingereza mwaka 1950. Kenyatta alitawala miaka 15 na Moi 24, na marufuku ile ikabaki kwenye sheria za Kenya huru. Ni serikali ya Kibaki iliyoifuta. Februari 18, 2007, miaka 50 kamili tangu Dedan Kimathi anyongwe Kamiti, Kibaki alizindua sanamu yake katikati ya Nairobi. Guka hakuwahi kutusimulia habari za handaki kwa kirefu. Jioni aliyosikia kwamba marufuku imefutwa, alikaa kimya mpaka chakula kikapoa, kisha akataja jina la mtu aliyekuwa akichimba kando yake na ambaye hakurudi kijijini. Cucu anasema hakuwa amelisikia jina hilo tangu waoane.

Ningeweza kuishia hapo, nawe ungesambaza makala hii pamoja na zile video. Uchumi uliokuwa umelala chini ya asilimia 1 mwaka 2002 ulikua kwa karibu asilimia 7 mwaka 2007. Vyumba vya mateso vya Nyayo House vilifunguliwa watu wakaviona. Mambo hayo yote ni kweli.

Ila hata haya ni kweli. Mwaka 2004 kashfa ya Anglo Leasing ilifichuka, na mwanzoni mwa 2005 John Githongo, mtu aliyeteuliwa na Kibaki mwenyewe kupambana na ufisadi, alikimbilia Uingereza. Machi 2006 polisi waliofunika nyuso walivamia gazeti la Standard usiku na kuchoma magazeti. Mwaka 2007, katika msako dhidi ya Mungiki, mamia ya vijana waliuawa au wakapotea. Tume ya kitaifa ya haki za binadamu ilihesabu takriban 500, na familia nyingi zilikuwa za kwetu huku, Kati. Machi 2009 watetezi wa haki Oscar Kamau King'ara na John Paul Oulu, waliokuwa wakikusanya habari za mauaji hayo, walipigwa risasi ndani ya gari lao jijini Nairobi. Kwa hiyo tukilia mwaka 2024 kwamba vijana wanatekwa, tusimwite mzee huyu aje atuokoe kana kwamba wakati wake hakuna mama aliyezunguka vyumba vya maiti akitafuta mwanawe.

Na kuna jioni ya Tata.

Nilimkuta shambani, kwenye vitunguu. Tata ana miaka sitini na kitu na mgongo unamsumbua, lakini ukimwambia apumzike anakuuliza nani atapalilia. Nilishika jembe. Tukafanya kazi mistari miwili bila kusema kitu cha maana. Kisha akasema, "Umekuja kwa sababu ya ile video." Tulikuwa tunaongea Kikuyu. Naandika kama ninavyokumbuka.

Tata aliolewa Burnt Forest, Uasin Gishu, miaka ya themanini. Walikimbia mwaka 1992 wakarudi. Walikimbia tena kidogo mwaka 1997 wakarudi. Mume alifariki, naye akabaki na watoto, duka dogo, na cherehani. Alishona sare za shule, na baada ya 2003, kwa wale watoto wote wapya madarasani, kazi ikawa nyingi mpaka akaajiri msichana wa kumsaidia. "Kibaki alinipa wateja," aliniambia. Wateja wenyewe walikuwa Wakalenjin na Wakikuyu, wote. Mkono wa sare hauulizi kabila.

Desemba 27, 2007 alipiga kura asubuhi na mapema. Kisha kila mtu akangoja. Siku tatu matokeo yakaja kwa vipande, Raila akiwa mbele, halafu pengo likapungua, halafu likageuka. Jumapili, Desemba 30, jioni, Kibaki alitangazwa mshindi, na muda mfupi tu baadaye akaapishwa Ikulu giza likiingia. Hapakuwa na Uhuru Park wala umati juu ya miti, na yule aliyesema Kibaki Tosha alikuwa upande wa pili akisema ameibiwa. Baadaye tume iliyoongozwa na jaji Johann Kriegler ilisema hesabu zilivurugika kiasi kwamba haiwezekani kujua nani alishinda.

"Mimi nilikuwa dukani," Tata alisema. "Redio ilikuwa juu ya kaunta. Jirani yangu, mama wa Kikalenjin, alikuwa amesimama mlangoni akingoja sare za watoto wake. Waliposema Kibaki, nilipiga makofi."

Aliacha kupalilia.

"Hilo huwa silisemi. Watu huniuliza walichoma nini, walikuja wangapi, nililala wapi. Hakuna aliyeniuliza nilifanya nini kabla. Nilipiga makofi. Huyo mama aliniangalia, hakusema neno, akageuka akaenda zake bila sare. Chai ilikuwa jikoni. Kabla haijachemka nikaona moshi upande wa barabarani."

Sikujua la kusema. Nilimwambia hakuna nyumba iliyochomwa kwa sababu ya makofi yake, kwamba mambo yale yalikuwa yamepangwa, kwamba Burnt Forest iliwaka 1992 na 1997 kabla yeye hajampigia mtu yeyote makofi. Akasema anajua. Hata korti ikimwachilia, bado anaona uso wa yule mama.

Usiku huo yeye na watoto walilala kanisani pamoja na mamia ya watu. Siku mbili baadaye, Januari 1, 2008, kanisa la Kiambaa karibu na Eldoret lilichomwa na watu ndani, wengi wao wanawake na watoto. Habari ilipofika, waliokuwa kanisani kwao walitoka nje wakakesha uwanjani kwa baridi. Lori liliwafikisha Nakuru, kisha lingine Nyeri. Kufikia mwisho wa yale machafuko zaidi ya watu 1,100 walikuwa wamekufa na mamia ya maelfu wamehama makwao. Wengi hawakuwa Wakikuyu. Nakuru na Naivasha, mwishoni mwa Januari, vijana wa kwetu ndio walioshika mapanga. Na hata hapa Naro Moru, ambako hakukuwaka moto, kulikuwa na fundi wa viatu kutoka Siaya aliyekaa nasi miaka mingi. Mtu alimtupia karatasi chini ya mlango. Asubuhi kibanda chake kilikuwa kitupu. Tata anasema aliingia mjini kwa lori na mwenzake akatoka kwa lori, na laiti wangekutana njiani wangebadilishana funguo.

Binamu yangu, mwana wa Tata, aliingizwa darasani kwetu, la sita. Tuliketi dawati moja. Yeye pia alianza darasa la kwanza Januari 2003, bure, kama mimi, na miaka mitano baadaye alifika kwetu na viatu visivyolingana. Mpaka leo nikisikia mtu anahesabu mema na mabaya ya Kibaki namwona binamu yangu, ambaye yuko kwenye safu zote mbili.

Jioni hiyo, baada ya shamba, nilimuuliza Tata kuhusu kalenda. Nilitaka kujua kama inamuudhi, maana amekula chini ya picha hiyo kwa miaka 16. Akacheka. "Kwani hujawahi kuigeuza?"

Sikuwahi. Nikaitoa kwenye msumari.

Nyuma yake, kwa kalamu ya buluu iliyofifia, kulikuwa na orodha kwa mwandiko wa Tata. Cherehani Singer moja. Mabati ishirini na mawili. Mbuzi wanne. Magunia sita ya mahindi. Debe mbili za maharagwe. Vitanda vitatu. Redio. Na chini kabisa: sare za shule kumi na moja, za watu.

Alinieleza. Mwanzoni mwa 2008 watu waliohamishwa waliambiwa waandike walichopoteza. Nyumba ya Guka haikuwa na karatasi kubwa. Tata akaona kalenda imepitwa na wakati, akaitoa ukutani, akailaza mezani, na uso wa Rais ukiwa chini akaandika. Guka alikuwa ameketi pale pale. Hakusema kitu, ila alimsaidia kukumbuka mbuzi, kwa sababu Tata alikuwa ameandika watatu. Baadaye serikali ilitoa shilingi 10,000 za kuanzia maisha kwa kila familia na 25,000 kwa aliyechomewa nyumba. Orodha yenyewe hakuna aliyekuja kuitaka. Siku moja Guka akaichukua, akairudisha kwenye msumari, picha ikiwa mbele na orodha ikiangalia mbao.

Nilimuuliza Cucu kwa nini Guka aliirudisha. Nilitarajia hekima. Cucu akasema ukuta ulikuwa na alama.

Labda ni hivyo tu. Lakini nadhani Guka, mtu aliyechimba handaki kisha akangoja nusu karne serikali ikubali kwamba jambo hilo lilitokea, alijua maana ya orodha isiyotakiwa na mtu. Aliiweka mahali ambapo haingetupwa. Na mahali pa pekee ambapo hakuna mtu wa nyumba ile angetupa kitu palikuwa nyuma ya Kibaki.

Agosti 4, 2010 Guka alipiga kura yake ya mwisho, ya kupitisha katiba. Alipelekwa kwa bodaboda, amefungwa shuka kiunoni. Agosti 27 Kibaki aliitia sahihi hadharani Uhuru Park. Mwaka uliofuata Guka alituacha. Kibaki alifariki Aprili 21, 2022 na kuzikwa Othaya Aprili 30. Cucu alidai apelekwe mazishini kwa sababu ni kwao, na aliyemsindikiza ni Tata. Sikulijua hilo. Nilidhani asingekwenda.

"Nilienda kumzika," alisema. "Mtu ukimzika humalizi kumkasirikia, lakini unaacha kumngoja."

Kisha akaniuliza swali ambalo sikulitegemea. Aliniuliza zile karatasi vijana walizokuwa wakipunga barabarani Juni, wakisoma mbele ya polisi, zilikuwa nini. Nikamwambia ni katiba, kifungu cha 37, haki ya kukusanyika na kuandamana bila silaha.

"Ile aliyoitia sahihi mzee?"

"Ile ile."

"Sasa mnamtakia nini arudi? Si alishawaachia?"

Niliirudisha kalenda kwenye msumari. Nilimuuliza Tata upande gani uangalie nje, akaniambia niache maswali ya Nairobi niiweke kama ilivyokuwa. Kabla ya kuondoka Jumapili nilipiga picha pande zote mbili, kwa ruhusa yake. Nilimuuliza kama naweza kuzituma kwenye grupu. Alifikiria kidogo, akasema nitume, lakini kwanza nimpigie binamu yangu, kwa sababu viatu vile visivyolingana havimo kwenye orodha na yeye bado hukumbuka.